Siku Sita Ndani ya Gamba

Siku ya sita jike hakutoka, na Makarius akashindwa kunywa chai.

Tangi alilitengeneza mwenyewe kwa vioo vya dirisha, akaliweka sebuleni kwake Kasulu. Ndani walikaa samaki wawili, dume na jike, wadogo kama kidole cha mwisho, wale wa Ziwa Tanganyika wanaoishi ndani ya magamba matupu ya konokono. Alipewa na rafiki yake Claude wa Ujiji, anayewavua na kuwauza kwa watu wanaowapeleka Ulaya. Mwanzoni maji ya huku milimani, yasiyo na chokaa kama ya ziwani, yaliwadhoofisha, mpaka Claude alipomwambia atie mawe ya chokaa. Hapo wakachangamka.

Basi huyu Makarius, jamani, alikuwa mtu wa maabara hospitalini, na kazi ilikwisha kumharibu: haamini kitu mpaka akitie kwenye hadubini. Tena mkewe Vestina alikuwa na mimba ya miezi saba, baada ya mbili kuharibika. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Alimpima presha asubuhi na jioni, akaficha jembe, akamfuata hadi mlango wa choo. Mwanamke wa watu alikuwa amechoka, na kila mtu aliliona hilo isipokuwa mumewe.

Sasa na samaki naye. Hatoki, hali, dume anazunguka gamba kwa hasira. Makarius alijua kuwa ni upuuzi, lakini moyoni alikwisha kuwafunga jike yule na mkewe kamba moja: huyu akifa, na mimba itatoka.

"Reka, Makarius," Vestina alimwambia kwa Kiha chao cha nyumbani. "Mwache. Mimi namwona mkia mlangoni, unapepea. Ana kazi yake."

"Nitazame mara moja tu."

"Kutazama kwako nakujua."

Alikunja shati, akazamisha mkono, akaligeuza gamba na kulitikisa polepole. Jike akatoka, mzima kabisa. Nyuma yake wakamwagika watoto, wadogo kuliko punje za ulezi, thelathini hivi, hawajajua hata kuogelea. Wakaanguka mchangani. Dume akaja. Makarius aligonga kioo, akakinga kiganja, akamwita Mungu. Mpaka anapata kijiko cha kuwaokotea, dume alikwisha kuwameza wote, na jike anazunguka juu ya mchanga akiwatafuta.

Makarius alilia, mtu mzima. Alipogeuka alimkuta mkewe amesimama, mikono yote miwili tumboni.

"Kesho gari la misheni linakwenda Kibondo," Vestina alisema. "Nakwenda kujifungulia kwa mama."

"Barabara ile? Juzi tu majambazi wamesimamisha lori."

"Naijua, na naiogopa. Lakini hapa nabeba woga wangu na wako, na wangu unanitosha. Usinifuate. Usinitafute kwa redio ya hospitali kila siku. Utaitwa."

Akaenda. Alifika salama, hilo dereva alilisema, na baada ya hapo kimya. Wiki saba! Chumba cha redio kilikuwa hatua ishirini kutoka maabara, na Kibondo waliitikia kila asubuhi. Makarius alifika mlangoni mara nyingi, akasimama, akarudi kwenye hadubini. Chakula kilimshinda. Tangi alilisogelea wakati wa kulisha tu.

Jumatano moja Leonidasi, opareta wa redio, akamfuata mwenyewe maabara. Makarius aliiacha hadubini, akamgeukia.

"Mtoto wa kike," Leonidasi alisema. "Mama mzima, mtoto mzima. Kazaliwa Jumapili."

"Jumapili? Siku tatu zote hizi?"

"Nami nilimuuliza mkeo hivyo hivyo redioni." Leonidasi alitazama chini. "Anasema alitaka siku tatu za kuwa naye bila mtu anayeogopa karibu yao. Sasa unaweza kuja."