Sikio la Bwana Harusi

Watoto walikuwa watatu, na wote watatu walikuwa na glavu nyeupe.

Bibi Nyau aliikuza picha ile ya kamera ya porini kwenye kompyuta, akaipunguza, akatoka kwenda kunawa uso, akarudi kuitazama upya. Picha haikumwonea huruma. Kimburu jike alikuwa amejilaza chini ya kichaka, kahawia, miguu mirefu, mkia wenye pete nyeusi, paka wa porini wa haki kabisa. Waliokuwa wakimnyonya walikuwa na miguu ya mbele myeupe pepepe. Kimburu hana weupe wa namna hiyo. Ule ni weupe wa paka anayelala jikoni kwa watu.

Jina la Bibi Nyau alipewa na mtaa, kwanza kwa kejeli, kisha kwa mazoea. Alikuwa mtaalamu wa wanyamapori, na katika kazi yake hakuna mwindaji aliyewahi kumnyima usingizi. Kilichomnyima usingizi ni mapenzi. Kimburu na paka wa nyumbani wanasikilizana mno. Wakikutana wanazaa, na wanaozaliwa nao wanazaa, mpaka siku moja pori limejaa paka na kimburu hata wa dawa hakuna. Kila pori alilopitia alikuta mambo yameshaharibika. Hapa tu, nyuma ya nyumba za mtaa, walikuwa wamebaki wawili: jike huyu, ambaye umri ulishamtupa mkono, na dume mmoja. Dume aligongwa na lori. Bibi Nyau alimwokota barabarani kwa mikono yake, akalia kama aliyefiwa, lakini moyoni alibaki na neno moja la kujishikilia: jike ana mimba.

Sasa amezaa. Na mimba haikuwa ya marehemu.

Lakini ingewezekanaje? Alikuwa amepita nyumba kwa nyumba. Alibembeleza, akagombana, akafukuzwa kwa ufagio, akarudi. Paka wa mtaa mzima, majike kwa madume, walipelekwa kwa daktari wa mifugo wakahasiwa. Kila aliyehasiwa, akiwa bado na usingizi wa dawa, alikatwa ncha ya sikio la kushoto iwe alama, ili hata akionekana kwa mbali ijulikane huyu ameshamaliza. Yeye na daktari kazi nzima waliiita "kukata sikio". Daktari alikuwa akifungua mlango asubuhi na kuuliza, "Leo tunakata masikio ya nani?" na wote wanacheka.

Alimpigia simu huyo daktari.

"Kuna dume limetuponyoka," alisema. "Lina glavu nyeupe."

"Mwenye glavu nyeupe hajawahi kulala kwenye meza yangu." Daktari aliendelea. "Mtaani namjua mmoja tu, yule wa kwa mama yako. Lakini yule si ulisema ameshakatwa sikio? Nikajua mmempeleka kwa mwenzangu wa mjini."

Bibi Nyau alikata simu bila kuaga.

Alimkuta mama yake mezani jikoni, anachambua mchele kwenye ungo. Dirishani alikuwa amekaa paka wake, Bwana Harusi, kifua cheupe, glavu nyeupe, anajilamba kama mtu anayesubiri kupigwa picha. Ncha ya sikio la kushoto haikuwepo. Kwa muda wote huo Bibi Nyau alikuwa akiliona sikio lile na kuridhika. Leo alimwinua mkia. Vyote vilikuwepo, mahali pake, salama salimini.

"Mama, huyu alikatwa na nani?"

"Si kinyozi wa hapo chini. Ana mkono mwepesi yule, paka hata hakulia sana."

"Kinyozi!"

"Wewe si ndiye uliyesema akatwe sikio? Sasa nimpeleke mpaka kwa daktari kwa sababu ya kipande cha sikio? Kwani vipi, limeoza?"

Ndipo alipokumbuka, akatamani ardhi ipasuke. Kwa majirani alikuwa akilitaja neno kavukavu, na wanaume waliojifanya hawaelewi aliwaonyesha hata kwa vidole. Lakini hapa, mbele ya mama aliyewahi kumpaka pilipili mdomoni kwa neno moja alilolitoa shuleni, ulimi ulikuwa mzito. Alisema, "Mama, na Bwana Harusi naye akakatwe sikio." Mama akaitikia, "Haya, mwanangu." Na akafanya vile vile alivyoambiwa.

"Mbona unalia? Nani amekufa?"

Bibi Nyau alivuta kiti. Alieleza habari ya dume na lori, ya jike mzee, ya picha. Alipofika penyewe, alianza tena kuzunguka. "Sikio ni alama tu, mama. Kazi yenyewe ni... huku nyuma."

Mama alimtazama paka, akamtazama binti yake. "Kuhasi?"

"Ndiyo, mama."

"Sasa si ungesema kuhasi!" Sauti ilimpanda, kisha ikamshuka. "Babu yako alikuwa anahasi ng'ombe uani kwetu, na kamba nilikuwa nashika mimi. Neno hilo tu ndilo lililokushinda?"

Bibi Nyau alitaka kukasirika, akakosa wa kumkasirikia. Alikuwa amekata tamaa, na aibu ilimuumiza kuliko huko kukata tamaa.

"Na hao watoto?" mama aliuliza.

"Wakiacha kunyonya nitawakamata. Nitawahasi, mama. Wote watatu." Leo neno lilitoka bila taabu yoyote.

"Na mama yao atazaa wengine?"

"Ameshazeeka. Na hata angekuwa kijana, angezaa na nani?"

"Basi si mtatafuta wengine, huko kwingine?"

"Hakuna wengine, mama."

Mama aliusukuma ungo kando. Bwana Harusi aliruka kutoka dirishani, akaja kujisugua miguuni mwa Bibi Nyau, na yeye, kwa mazoea, akainama akamkuna nyuma ya lile sikio.