Lakini ya Mzee Broussard

Kila asubuhi Kagendo alipofika Pearland kumhudumia Mzee Broussard nyumbani kwake, alimuuliza anaumwa wapi leo, na kila asubuhi mzee alijibu kwa neno moja: copacetic. Maana yake mambo shwari, hakuna neno. Ni Kiingereza cha mtaani cha zama za ujana wake. Mhudumu wa jioni, Mmarekani wa kuzaliwa, hakuwahi kulisikia. Kagendo akaandika kwenye fomu: hana maumivu. Binti wa mzee, aliyengoja ugonjwa mmoja tu ili ampeleke babake makao ya wazee na kuiuza nyumba, akakosa sababu. Mzee alilijua hilo vizuri sana.

Asili ya neno lenyewe, ukimuuliza, ungejuta. Jumatatu lilitoka kwa Wakrioli wa Louisiana, watu wa bibi yake. Jumatano lilikuwa Kiebrania, fundi cherehani mmoja wa Galveston alimwapia. Ijumaa, Waitaliano. Wenye kamusi nao, alisema, wamebishana wee, mwisho wakaandika hakuna ajuaye.

"Kwetu Meru tuna 'nzuri'," Kagendo alimwambia. "Hata nyumba ikiungua, ukiulizwa habari unasema nzuri kwanza. Ukishangojewa kidogo, ndipo unasema lakini." Mzee alilipenda hilo neno 'lakini', akajifunza kulitamka.

Basi Jumanne moja ya Agosti alimkuta kitandani, jasho linamtiririka na kiyoyozi kinanguruma.

"Copacetic," mzee akasema.

Kagendo hakushika kalamu. Mficha maradhi kifo humuumbua, na yeye hakutaka kuwa shahidi. Alivuta kiti, akamshika mkono, akangoja habari yenyewe. Mzee akatazama dari, kisha picha ya marehemu mkewe.

"Lakini," akasema, kwa Kiswahili hichohicho alichofundishwa. Mengine akayamalizia kwa Kiingereza: mkono wa kushoto unauma, tangu Jumapili.

Ambulensi ilikuja. Moyo ukatibiwa. Nyumba iliuzwa Oktoba.

Kagendo alikwenda kumwona huko makaoni, chumba kimoja chenye dirisha la kutazama maegesho ya magari. Aliona haya kuingia, tusifichane. Alijua alichookoa na alijua kilichopotea. Akamuuliza habari.

"Copacetic."

Akavuta kiti, akangoja. Mzee alimwacha angoje sana, halafu akamgeukia bila hasira.

"Usijisumbue, binti yangu. Nilikuwa na lakini moja tu, na hiyo nilikupa wewe."