Kwa Pumzi Moja

"Vuta, Lulu! Vuta, Nyota! Jamani vuteni, msiniaibishe mbele za watu!"

Maksai hawakuvuta. Walisimama katikati ya kivuko, maji yakiwafika magotini, wakimtazama mzee Chencho kama watu wanaosikia jirani akiita watoto wa nyumba ya pili. Gurudumu la kushoto la mkokoteni lilikuwa limetumbukia kwenye shimo la tope. Shehena ya vigae vya paa, iliyofungwa kwa kamba na kufunikwa turubai, ilikuwa imelalia upande mmoja.

Ukingoni, mbele ya ngome ndogo ya mbao, askari wa Uhispania walikuwa wameketi juu ya magogo wakila viazi vitamu vya kuchoma. Kwa muda mrefu hawakuwa wamepata kichekesho chochote, na huyu mzee aliyekuja na mvua aliwafaa sana.

"Mzee! Ng'ombe zako viziwi?"

"Si viziwi, wamegoma! Wanataka posho ya siku za mvua!"

"Wabusu kwenye pua, mzee, mimi mchumba wangu husogea hivyohivyo!"

Chencho alicheka nao, maana mtu asiyecheka hutiliwa shaka. Aliwagusa maksai kwa fimbo yake ndefu yenye ncha, mmoja kisha mwingine. Wakatikisa masikio, basi.

Shida ilikuwa kwamba Lulu na Nyota hayakuwa majina yao.

Waendesha mikokoteni wa mji wa Jiguaní wana desturi yao. Maksai wawili wa nira moja hupewa jina moja lililokatwa vipande viwili, kila mmoja akabaki na kipande chake. Wapo akina Macho na Meusi. Wapo akina Usiku na Mwema. Casimiro wa mtaa wa kanisani ana Mama na Mkwe, na siku akigombana na mkewe utamsikia akiwafokea hao maksai njia nzima, uso umemchangamka. Jina huitwa lote kwa pumzi moja, kipande juu ya kipande, ili wote wawili waingize mabega kwenye nira kwa pamoja. Ukiita kipande kimoja ukapumzika, mmoja atavuta na mwenzake atabaki kushangaa, na mkokoteni utakwenda upande kama kaa.

Hawa wa Chencho walipewa majina na binti yake, Eduviges, wangali ndama. Ilikuwa miaka ile ya amani kati ya vita na vita, wakati mtu aliweza kusema neno shambani kwake nalo likaishia kwenye migomba. Maksai wa kushoto alikuwa Kuba. Wa kulia alikuwa Huru.

Wakati huo lilikuwa jambo la kuchekesha. Tangu vita vya kudai uhuru kutoka kwa Uhispania vilipoanza tena mwezi wa pili, lilikuwa jambo la kumfunga mtu kamba na kumpakia melini hadi jela za Wahispania huko Afrika. Chencho akawabatiza upya. Aliwasemesha kwa upole, akawapa miwa, akawaeleza hali ya nchi ilivyo. Wapi! Walipokea miwa na kukataa majina. Tangu hapo alikuwa akijikongoja nao barabarani kwa fimbo na miluzi, na kila alipofika shambani huwaita kwa majina yao kwa kunong'ona, nao humlamba mkono.

Na leo, chini ya vigae, ndani ya majani makavu, kulikuwa na chupa za kwinini, dawa ya homa. Eduviges alikuwa ameingia msituni kuwauguza wapiganaji. Jumapili alikuja mchoma makaa, akamwambia Chencho maneno machache huku akijifanya anauza gunia: homa imemkamata na yeye, hata maji hayakai tumboni, na dawa imekwisha. Chencho hakuuliza la pili. Ana mtoto mmoja tu duniani, na mtoto huyo yuko mahali fulani nyuma ya vilima vile akitetemeka.

"Kuna nini hapa?"

Aliyeuliza alikuwa luteni, kijana mwembamba mwenye masharubu machanga, aliyetoka ngomeni akifunga vifungo vya koti. Sajini wake, mtu mzima aliyeitwa Telmo, alisimama kwa taratibu kutoka kwenye gogo.

"Mzee amekwama, afande. Anapeleka vigae kwa Don Hilarión. Kibali anacho."

"Kukwama akakwame kwingine! Kanali anafika sasa hivi na msafara mzima, na kivuko ni hiki kimoja. Mnataka akute tumezibiwa njia na vigae?" Akamgeukia Chencho. "Wewe! Toa takataka zako!"

"Natoa, bwana luteni. Wanapumua kidogo tu, wameshtuka na maji."

Telmo aliingia mtoni na viatu vyake. Alikuwa na macho ya manjano ya mtu aliyeugua homa akapona nusu. Alimpapasa Kuba shingoni, akainama kutazama gurudumu, akatingisha kichwa.

"Kwetu Asturias tulikuwa na ng'ombe wa kulimia," alisema. "Hawa wana nguvu, mzee. Hawajachoka hawa. Unawaitaje?"

"Lulu na Nyota, sajini."

"Lulu! Nyota!" Telmo aliita kwa sauti nzuri ya mkulima. Huru akapiga chafya. Askari ukingoni wakaangua kicheko. Telmo hakucheka. Alimtazama Chencho, akawatazama maksai, kisha akamtazama Chencho tena.

"Ng'ombe hasahau jina lake," alisema polepole.

"Wazee hawa, sajini. Wamekuwa kama mimi."

Luteni akapoteza subira. "Basi! Shusheni mzigo! Vigae vyote majini, mkokoteni ukiwa mtupu utatoka wenyewe. Haya, kateni kamba!"

Chencho alitazama ukingoni. Askari wawili walikuwa tayari wamevua viatu na kukunja suruali. Wakishusha safu ya kwanza watakuta vigae, na safu ya pili vigae, na chini yake watakuta majani. Hapo hatakufa yeye peke yake. Alimfikiria Eduviges alivyokuwa msichana mdogo, akitembea mbele ya ndama wale wawili na ua kichwani, akiwafundisha.

"Ngoja, bwana luteni! Vitavunjika, Don Hilarión atanichuna ngozi! Nipe nafasi moja tu. Wana... wana majina ya utani."

"Waite hata kwa majina ya mashetani! Upesi!"

Chencho alifikiri haraka. Kuba ni jina la kisiwa, hata mfalme wa Uhispania hulitamka. Huru nalo ni neno kama maneno mengine. Kila moja peke yake halina kosa, kosa liko kwenye kuyaunga. Basi angeyatenganisha.

"Kuba!" aliita.

Maksai wa kushoto akaruka mbele kama aliyeamshwa usingizini. Nira ikapinda, mkokoteni ukayumba, vigae vikalia *kacha-kacha* chini ya turubai.

"Mwingine naye!" luteni alipiga kelele. "Mwingine umwite lini, Krismasi?"

"Namwita, bwana, namwita. Mvua hii nayo, sijui itaacha lini, mahindi yote yameoza... Huru!"

Sasa akaruka wa kulia, na wa kushoto alikuwa ameshachoka kungoja. Wakavutana kama mume na mke wanaogombea blanketi moja. Gurudumu likazama zaidi. Mmoja wa wale askari akashika kamba ya turubai na kutoa kisu.

Chencho akapiga moyo konde. Alisimama wima ndani ya maji, akainua fimbo, akavuta hewa mpaka mbavu zikamuuma.

"KUBA-HURUUU!"

Loo! Maksai walishusha vichwa pamoja, mabega yakaingia kwenye nira pamoja, na mkokoteni ukanguruma, ukapanda nusu ya shimo. Kisha ukakwama hapo, ukiwa umening'inia, maksai wakitetemeka kwa kuuzuia usirudi.

Hapakuwa na mtu aliyetafuna kiazi. Luteni alikuwa amefumbua mdomo.

"Amesema nini huyu?"

"Ameita ng'ombe wake, afande," alijibu Telmo.

"Nimesikia alichosema!"

"Ndiyo, afande. Na wao wamesikia. Tazama."

Kwa mbali, nyuma ya kona ya barabara, tarumbeta ya msafara ilisikika. Luteni akageuka kule, akageuka huku. Mkono uliokuwa unaelekea kwenye bastola ukaishia kukuna shingo.

"Rudia," alimwambia Chencho kwa sauti ya chini.

"Nirudie nini, bwana luteni?"

"Hilo ulilosema!"

"Naogopa, bwana. Limenitoka kwa bahati mbaya. Labda ulitamke wewe kwanza, mimi nifuate."

Askari mmoja alikoroma kwa kicheko alichokizuia puani. Tarumbeta ikalia tena, karibu zaidi. Luteni akaufuta uso kwa leso, akawapa wote mgongo, akaanza kuchunguza mawingu kwa makini sana.

"Sajini," alisema, "mimi natazama hali ya hewa."

"Ndiyo, afande." Telmo akapiga makofi. "Haya, wote majini! Bega kwenye gurudumu, wewe kule, wewe huku! Hawa wanataka kuitwa kwa pamoja, kwa hiyo tutawaita kwa pamoja, nasi tusukume papo hapo. Msiniletee sauti za kike kike! Moja, mbili..."

Na askari wa mfalme wa Uhispania, tope hadi kiunoni, wakapaza sauti kwa pumzi moja:

"KUBA-HURUUU!"

Waliita mara ya pili kwa sababu ya shimo, na mara ya tatu, nadhani, kwa sababu waliona raha. Mkokoteni ulitoka ukirusha maji kila upande, ukapanda ukingo wa pili kwa kishindo. Askari walikumbatiana, mmoja akaanguka chali mtoni akaendelea kucheka akiwa humohumo.

Ndipo wakasikia ule ukimya barabarani. Tarumbeta ilikuwa imekatika katikati ya noti. Watangulizi wa msafara wa kanali, waliposikia kivukoni watu wengi wakipiga ukelele huo, walijua hakika kwamba ngome imetekwa na waasi. Wote walikuwa wamejitupa kwenye mtaro. Nyumbu wao walibaki barabarani peke yao, wakila majani.

"Msipige risasi!" luteni alianza kukimbia kule akipeperusha leso yake. "Ni sisi! Msipige! Ni ng'ombe! Wanaitwa hivyo!"

"Nani anaitwa hivyo?" sauti iliuliza kutoka mtaroni.

"Ng'ombe!"

"Wewe nani?"

Chencho hakungoja majibu. Aliwaelekeza maksai kwenye njia ya vilima, na Telmo, ambaye hakuonyesha haraka ya kwenda kumsaidia luteni wake, akatembea naye hatua kadhaa. Turubai ilikuwa imefunguka pembeni. Kati ya vigae viwili kulichomoza majani, na kati ya majani, shingo ya chupa.

Telmo aliiona. Chencho alimwona akiiona.

Sajini alisogea, akaisukuma chupa ndani kwa kidole, akarudisha majani, akaifunga turubai kwa fundo la watu wa mashambani, fundo gumu lisilofunguka njiani.

"Nani anaumwa?" aliuliza.

"Binti yangu."

"Ndiye aliyewapa majina?"

"Ndiye."

Telmo aliwaangalia maksai kwa jicho la mtu aliyekulia nao.

"Huyu wa kulia anachelewa kuvuta."

"Huru? Huru ni kijana bado," alisema Chencho. "Anachelewa kuanza. Lakini akishashika, sajini, haachii."

"Nimeona," alisema Telmo. Alimpiga Huru kofi la kirafiki kiunoni, akarudi mtoni kutafuta kofia yake.

Njia ya vilima ilikuwa nyembamba na yenye utelezi. Chencho alienda akizungumza na maksai kuhusu mambo madogo madogo: ubaya wa shimo lile, kiazi alichokuwa anakitamani, masharubu ya luteni. Alicheka peke yake hadi machozi. Kisha, alipoiona mitende mitatu iliyoegemeana, alama aliyopewa na mchoma makaa, kicheko kikamkauka.

Alisimamisha mkokoteni. Hapakuwa na mtu. Aliona jivu la moto, bandeji zimeanikwa kwenye kichaka, na njia ya miguu inayoingia msituni. Alitaka kuita. Sauti yote aliimalizia mtoni. Na aliogopa, alikuwa mzee na aliogopa kuita jina la mtoto wake asijibiwe. Alibaki ameshika fimbo, maji yakimdondoka kwenye suruali.

Huru akainua masikio. Kisha Kuba naye.

Kutoka ndani ya miti ilikuja sauti ya mwanamke, nyembamba, iliyokauka, ya mtu anayeita akiwa amelala. Iliita mara moja tu, vipande vyote viwili kwa pumzi moja, kama ilivyokuwa ikiita zamani kwenye migomba.

Maksai walishusha vichwa na kuvuta. Chencho hakuwa amewagusa. Mkokoteni ulimpita ukiingia msituni, matawi yakikwaruza turubai, naye akaitupa fimbo akakimbia nyuma yake.