Mvumo Usiovuta Pumzi

Siku ile mjinga alikuwa Filimbi, na mwenyewe hakatai. Atakwambia wapo wajinga wa kuzaliwa na wapo wa kujitolea, na yeye alijitolea asubuhi kweupe, ameshiba chai, hana homa wala hajalewa.

Kazi yake pale Chuo cha Sauti na Mitetemo ilikuwa kutoa mvumo. Walimu wa chuo walishikilia kwamba dunia zimetandikwa moja juu ya nyingine kama mashuka kitandani, kila moja na mtetemo wake, na ukiupata mtetemo sahihi unapenya. Ndani ya Chumba Kimya, chenye kuta za sponji na mlango wa chuma, lilining'inia bamba la shaba. Likigongwa, hewa ya nyuma yake ilifunguka na mwendaji akaingia. Filimbi alibaki nje ya mlango, mdomo kwenye bomba lililopita ukutani, akivuma mmmm kama nyuki ndani ya chupa. Mvumo huo ndio uliokuwa kamba ya mwendaji, maana kule hakuna njia wala mwanga. Mashine zilijaribiwa zikashindwa. Kule kulitaka koo la mtu.

Mwendaji wa siku ile alikuwa shemeji yake, kaka wa mkewe. Mkewe naye ndiye aliyeshika ufunguo wa mlango. Ukoo mzima kazini, isipokuwa mama mkwe, na kwa hilo Filimbi alimshukuru Mungu kila siku.

Basi Mkuu wa Chuo akapita kwenye ujia, akasalimu kwa ile sauti yake ya puani, akaenda zake. Filimbi akashindwa kujizuia. Akaupinda mvumo, akaupitisha puani, akamwiga Mkuu, ili shemeji acheke huko aliko.

"Koma!" mkewe akasema.

Akajichekea, akameza mate, akarudi kwenye mvumo wake. Akaukuta unaendelea.

Mmmm. Ulitoka ndani ya bomba, ukimjia usoni. Ilikuwa sauti yake, na mkwaruzo wake wa kooni, naye midomo ameifunga.

"Ni wewe?" mkewe akanong'ona.

Akatikisa kichwa.

"Labda mwangwi."

"Mwangwi hufuata, mke wangu. Huu umetangulia."

Kwenye bomba zikasikika hatua za shemeji, vile viatu vyake vizito, zikienda mbali. Zilikuwa zinaifuata ile sauti nyingine. Filimbi akarukia bomba akavuma kwa nguvu zake zote. Hatua zikasimama. Zikageuka. Zikasimama tena. Mtu wa watu gizani, anaitwa na Filimbi wawili.

Mkuu akarudi mbio. "Libaneni bamba! Mvumo ukiharibika njia inafungwa, ndiyo kanuni!"

Mkewe akasimama mbele ya wenzo wa kulibana bamba, pale kando ya mlango; ukishushwa, njia hufungwa na chochote kilichobaki chumbani hufyonzwa kurudi kule. "Uguse, Mkuu, uone kama utaondoka na vidole."

Filimbi alivuma mpaka kifua kikawaka moto. Pumzi ikamwishia, akavuta hewa kwa kishindo kama aliyeibuka kisimani. Yule mwingine hakuvuta. Tangu aanze hakuwahi kuvuta. Hapo akili ikamrudia Filimbi: akaanza kuhema kwa makusudi, akikohoa, akivuma, akikohoa tena, kama mgonjwa wa pumu anayepanda ngazi.

Hatua zikageuka. Zikaja mbio.

Bamba likalia, mkewe akafungua, shemeji akaangukia nje, jasho chapachapa, kiatu kimoja hana. Mlango ukabamizwa nyuma yake.

"Mbwa wewe!" akamfokea Filimbi. "Nife mimi kwa sababu ya pua ya Mkuu?"

Filimbi hakuwahi kutukanwa akafurahi vile. Akafungua mdomo amjibu, na mlango ukagongwa kutoka ndani. Ukagongwa polepole.

"Dada," ikasema sauti ya shemeji huko ndani. "Dada yangu mpenzi, samahani kwa usumbufu. Huyo aliyetoka siye mimi. Naomba tafadhali unifungulie."

Shemeji pale sakafuni akatazama viganja vyake, kama anayehakikisha ni vyake.

"Fungua," Mkuu akasema. "Huenda tumemtoa siye."

"Mkuu, huyu ametoka na matusi yake kamili!" Filimbi akasema.

"Matusi nayo yanaigwa. Wewe si umeigwa sasa hivi?"

Filimbi akamtazama aliyeketi sakafuni, akautazama mlango. Wakimwacha wa kweli mle ndani, ni yeye aliyemuua.

"Dada," sauti ikabembeleza, "kwa heshima na taadhima..."

Mkewe akatia mkono kwenye wenzo, akainamia bomba.

"Kaka yangu hajaniomba kitu kwa adabu tangu ajue kusema," akasema, akaushusha wenzo. "Hiyo heshima kaitumie kwenu."