Kitenzi cha Darasa la Nne

Laban Masila alifundisha akitembea. Alitoka dirishani hadi mlangoni, akapita katikati ya madawati, akarudi dirishani, chaki mkononi na vumbi lake kwenye mikono ya koti. Muhula ule wa kwanza, mwaka uliofuata mvua kubwa za El Niño, alitembea kuliko kawaida. Hata wakati wa mapumziko, walimu wenzake wakinywa chai, yeye alizunguka uwanja wa shule kama mtu aliyepoteza funguo.

Hakuwa na cheti cha ualimu. Alikuwa amemaliza kidato cha nne, akaandikwa na kamati ya wazazi katika shule hii ya msingi iliyo juu ya vilima vya kahawa upande wa Kangundo. Kiingereza chake kingi alijifundisha mwenyewe kwa kamusi kuukuu aliyoinunua sokoni Machakos, jalada lake likiwa limebanduka. Kila siku alisoma ukurasa mmoja, bila haraka, bila kuruka.

Alipofika herufi ya G akakwama kwenye kitenzi kimoja. "Get." Neno fupi hivyo, lakini maelezo yake yalijaza ukurasa, yakavuka kwenda wa pili, na wa tatu. Mwanzoni alidhani ni makosa ya mpiga chapa. Kupata, hiyo aliijua tangu utotoni. Lakini hapa palikuwa pia na kuleta, na kufika, na kuelewa. Ukiamka asubuhi, ni neno hilo. Ukipanda gari na ukishuka, ni hilo hilo. Ukiugua, ukipona, ukilowa mvua, ukizeeka, Mwingereza analo neno moja tu mdomoni. Kikamba kina neno lake kwa kila moja ya mambo hayo, na Kiswahili vilevile.

Lilimkumbusha panga la mama yake. Panga lile lilikata nyasi, likachimbua viazi, likafungua kopo, likachonga mpini wa jembe. Hakuna kazi lililoifanya vizuri kuliko chombo chake halisi, lakini mwenye panga hakukwama njiani.

Wazo hilo halikumwacha atulie, kwa sababu wakati huo alikuwa akimfikiria Nduku.

Nduku alikuwa darasa la nne, msichana mwembamba aliyekaa karibu na dirisha, na hakuna mwalimu aliyewahi kusikia sauti yake vizuri. Pale shuleni palikuwa na diski. Ilikuwa kipande cha mbao kilichotobolewa na kupitishwa kamba. Mtoto aliyeongea Kikamba alivishwa shingoni, naye akatega masikio hadi amsikie mwingine akiteleza, amvishe. Jioni kwenye paredi, aliyekutwa nayo alichapwa, akamtaja aliyempa, na huyo akamtaja wake, mpaka mnyororo wote wa siku ukapata viboko. Nduku aliivaa mara moja akiwa darasa la tatu. Tangu hapo hakuivaa tena, na walimu walimsifu kwamba ni mtoto mwenye nidhamu. Laban ndiye aliyekuja kugundua kwamba nidhamu yenyewe ilikuwa kufunga mdomo asubuhi na kuufungua akifika nyumbani.

Baba yake, Maundu, alimkuta Laban kwenye kiwanda cha kahawa, foleni ya kupima ikiwa ndefu.

"Mwalimu, nikuulize kitu."

"Niulize, Baba Nduku."

"Huyu mtoto wangu, nyumbani hanyamazi. Anaongea na mbuzi, anaongea na sufuria. Sasa mimi naambiwa huko kwenu yeye ni bubu. Mnamfanya nini?"

"Hatumfanyi kitu," Laban alisema, na papo hapo jibu lake halikumpendeza.

"Niko na dada yangu kule Kyumbi, barabarani, anauzia watu wa magari machungwa. Anataka mtu wa kumsaidia. Pale mtu huongea apende asipende." Maundu alisogeza gunia lake mbele kwa goti. "Mimi si mtu mbaya, mwalimu. Siku ya kufunga shule nitakuja. Nikisikia amesema kitu kwa hiyo Kiingereza yenu, arudi muhula ujao. Nisiposikia, nampeleka Kyumbi, na usiniambie nimekosa."

Laban hakumwambia amekosa. Alipokuwa akirudi nyumbani alijaribu kumlaumu, akashindwa. Mtu amepeleka mtoto anayeongea, anarudishiwa asiyeongea. Ana haki ya kuuliza.

Jumatatu aliandika kitenzi kile ubaoni, peke yake, kwa herufi kubwa.

"Kuanzia leo," aliwaambia, "mkikosa neno la Kiingereza, tumieni hili. Mkikosea, sitamcheka mtu."

Walimtazama kwa mashaka. Kisha Antony, mtoto mjanja wa dawati la mbele, akainua mkono. "Ticha, I get outside?"

"Get outside," Laban akamruhusu, na darasa likashangaa kwamba mlango umefunguka kirahisi vile.

Kabla wiki haijaisha, neno lilikuwa limeenea uwanjani. Walilitumia kuomba mpira na kuitana mstarini, na mmoja alipong'atwa na siafu alisema ame-"get" siafu. Mwalimu Festus, naibu wa mwalimu mkuu, aliketi chumba cha walimu akicheka mpaka chai ikamwagika.

"Mwalimu Get, umetuletea ugonjwa gani? Leo mtoto ameniambia 'I get stomach.' Nimemuuliza, umelipata wapi hilo tumbo, uliagiza?"

"Lakini umemwelewa?"

"Nimemwelewa. Nimempa ruhusa akimbie, tena mbio."

Laban alicheka naye, lakini miguu yake haikutulia chini ya meza. Watoto wote walikuwa wameshika panga lile isipokuwa yule aliyelitafuta kwa ajili yake. Nduku aliandika sentensi za kitenzi kile kwenye daftari lake, nzuri, zilizonyooka. Akiambiwa asome, alisimama, akatazama sakafu, mpaka Laban akamhurumia na kumwambia aketi. Siku za kufunga shule zikazidi kukaribia.

Ikawa siku moja baada ya chakula cha mchana, kengele ya michezo ikagongwa, na darasa zima likatoka nje. Nduku hakutoka. Alibaki kwenye benchi, magoti yamebanana, mikono imeshika ukingo wa dawati. Laban alimwita kwa Kiingereza. Hakuinuka. Alimwita tena, akaona machozi yakimdondoka bila sauti, na chini ya benchi maji yakitambaa kwenye simenti.

Mtoto wa miaka kumi alikuwa amekaa tangu vipindi vya mchana vianze akishindwa kuomba ruhusa ya kwenda choo.

Laban alichuchumaa mbele yake. Hakufikiri. "Nduku," alisema kwa Kikamba, kama ambavyo mama yake angesema, "nĩ kyaũ? Ũka vaa." Ni nini? Njoo hapa. Akavua koti lake mwenyewe, akamfunga nalo kiunoni, akamtuma kwa mpishi wa shule akapewe maji.

Aliposimama, Antony alikuwa dirishani, na diski ilikuwa shingoni mwake.

Mtoto yule hakuwa na ubaya. Alikuwa ameivaa tangu asubuhi, na paredi ilikuwa inakaribia. Alimtazama mwalimu, akaitazama diski, na uso wake ukaonyesha wazi hesabu anayoipiga. Sheria ya shule ilisema mtu yeyote. Haikusema mtoto yeyote.

"Lete," Laban alisema.

Antony akaivua polepole, akaipitisha dirishani. Laban akaivaa.

Festus alipomwona akiingia nayo chumba cha walimu, aliweka kikombe chini. "Wewe. Hiyo ni nini?"

"Nimeongea Kikamba."

"Aa, Masila, acha michezo. Mrudishie mtoto."

"Mtoto hakuongea. Mimi ndiye niliongea."

Mwalimu mkuu, Madam Kamene, mwanamke mnyoofu aliyeinua shule ile kutoka mkiani wilayani, alimwita ofisini. Hakumpigia kelele.

"Mwalimu Laban, unajua kwa nini tuko na hiyo diski?"

"Ili wajue Kiingereza, Madam."

"Mtihani hauulizi Kikamba. Mimi mwenyewe niliivaa, na niko hapa."

"Hata mimi niliivaa."

"Basi ipitishe. Sheria ni kuipitisha."

"Nitampa mtu wa kwanza nitakayemsikia."

Lakini hakumsikia mtu. Alipita uwanjani akitembea kwa namna yake ile isiyotulia, na kila alipopita palisikika Kikamba mbele na nyuma, naye akatazama mawingu. Watoto walichukua muda kuamini. Kisha wakaelewa kwamba diski ikiwa shingoni mwa mwalimu Laban, haipo kwa mtu mwingine, na paredi ya jioni ikapita bila mnyororo. Walimu wengine hawakuwa na mtu wa kuanzia.

Shule ikachangamka kama soko la Masii, na Madam Kamene akasema hivyo hivyo, bila kutabasamu. Laban mwenyewe hakuwa na uhakika. Alisikia Kikamba kikijaa, na Kiingereza kikielea juu yake vipande vipande, akajiuliza kama ameharibu kazi ya mwanamke yule ya miaka mingi kwa sababu ya mtoto mmoja. Alilipima jambo hilo huku na huku, na kila alipodhani amepata jibu, lilimponyoka.

Nduku alianza kwa kunong'ona. Alimwambia jirani yake wa dawati, kwa Kikamba, kwamba kalamu yake imekwisha wino. Kesho yake alicheka. Siku nyingine alimjia Laban mlangoni, akamweleza kwa Kikamba, bila kupumua, habari ndefu ya mbuzi wao aliyekula kitambaa cha kanisani.

Laban alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Sasa niambie hiyo hiyo kwa lile neno letu. Kidogo tu."

Nduku akakunja uso. "The goat," akasema. Akasimama. "The goat get the cloth of church." Akafikiri. "My mother get angry. I get..." Akatafuta, akakosa, akaonyesha kwa mkono jinsi alivyochapwa mgongoni.

"Vizuri," Laban alisema.

Asubuhi ya kufunga shule, Madam Kamene alinyoosha mkono kabla hata hajamsalimu. "Mwalimu, leo wazazi wanakuja. Nipe hiyo kitu." Laban alimpa. Ilikuwa shule ya Madam, naye alikuwa amevumilia kuliko wengi wangevumilia. Diski ikarudi kwa watoto, na kabla jua halijapanda sana uwanja ulikuwa umenyamaza, kila mtoto akimtazama mwenzake mdomo. Laban alimtafuta Nduku kwa macho. Alikuwa amesimama karibu na tangi la maji, midomo imebanwa, kama zamani.

Maundu alikuja na baiskeli, amevaa shati la kanisani. Aliiegemeza ukutani mwa ofisi, akasalimia watu wote kwa mkono, kisha akasema alichokuja kusema.

"Madam, mimi sina mengi. Nataka kusikia mtoto wangu."

Nduku aliitwa. Alisimama kati yao barazani, Madam upande mmoja na baba yake upande mwingine, Festus akichungulia kutoka chumba cha walimu. Laban alikuwa nyuma ya baba, na safari hii hakutembea. Alishika nguzo ya baraza.

"Nduku," Madam alisema kwa Kiingereza, na kwa upole, "tell your father anything."

Maundu alihamisha kofia kutoka mkono mmoja hadi mwingine. Nduku alitazama sakafu, na Laban akayaona magoti yale yakibanana tena.

"I get up," Nduku alisema.

Sauti ilitoka nyembamba, lakini ilitoka. "I get water. I get to school." Alimeza mate. "I get English small, small. I get friend, she is Nzisa. I get fear, but now I get tired of fear." Akainua macho, si kwa Madam, kwa baba yake. "I don't get to Kyumbi."

Madam Kamene alifungua kinywa amrekebishe, akakifunga.

"Amesema nini?" Maundu aliuliza.

"Amesema asubuhi anaamka, anateka maji, anakuja shule," Madam alianza. "Amesema anajua Kiingereza kidogo. Ana rafiki." Akasita. "Amesema amechoka kuogopa. Na hataki kwenda Kyumbi."

"Hiyo Kyumbi nimesikia mwenyewe." Maundu alimtazama binti yake kwa muda mrefu. "Na hayo mengine yote amesema kwa neno moja? Nimesikia 'get, get' kama kuku anadonoa."

"Ni neno la kazi nyingi, Baba Nduku," Laban alisema.

"Ni Kiingereza kibovu," Madam alisema. Kisha akaongeza, kwa kujilazimisha, kwa sababu alikuwa mtu mkweli, "Lakini nimeelewa kila kitu."

Maundu alivaa kofia. "Dada yangu ataninunia. Nilikuwa nimeshamwambia." Alitikisa kichwa. "Haya. Atarudi muhula ujao. Wewe mwalimu, wewe ndiye utakuwa naye?"

Laban alimtazama Madam Kamene. Mkataba wake ulikuwa wa kamati, na kamati ilikuwa ikimsikiliza mwalimu mkuu. Madam alikuwa akitazama uwanjani.

"Tutazungumza," alisema. "Likizo ni ndefu."

Maundu aliitoa baiskeli ukutani, akampakia binti yake nyuma, lakini hakupanda. Aliisukuma akitembea kuteremka njia ya lango, kwa sababu ya utelezi. Walipopita lango Nduku akaanza kuongea. Laban hakusikia maneno, alisikia mbio zake tu, akaona mikono ikipunga hewani, na mara mbili baiskeli ikayumba.

"Pole pole," Maundu alisikika akisema kutoka chini kwenye mibuni. "Ngoja. Nisikie moja moja."