Ndoo ya Nyumba ya Kumi

Jumatatu, saa moja kamili asubuhi, bibi wa nyumba ya kumi alifungua bomba lake mpaka mwisho, akaweka chini yake ndoo ya lita ishirini, ile ya bluu yenye mpini wa waya, na mjukuu wake akabonyeza saa ya kupimia muda kwenye simu. Kisha wakakaa kusubiri. Bomba likakohoa mara mbili, likanyamaza.

Lilikuwa zoezi la fizikia. Mwalimu aliagiza kila mwanafunzi apime kitu kimoja mtaani kwake katika nukta kumi, yaani mahali kumi tofauti, ajaze jedwali, kisha achore grafu kwa kikokotoo cha mtandaoni, kwa sababu karatasi za grafu zilikuwa zimekwisha tangu muhula uliopita. Atakayefanya vizuri ataingia mchepuo wa sayansi. Jedwali lenye pengo halisahihishwi. Hilo mwalimu alilisema mara tatu, na mara ya tatu alipiga meza.

Mjukuu aliutaka mchepuo wa sayansi kuliko kitu chochote duniani. Tangu akiwa na miaka saba alikuwa akibeba maji kutoka nyumba ya kwanza mpaka ya kumi, kila asubuhi, kichwani, na alitaka kusomea uhandisi wa maji ili ajue amkasirikie nani. Kwa hiyo alichagua kupima muda wa kujaza ndoo moja, nyumba kwa nyumba, kuanzia upande wa tangi. Nyumba za mtaa ule ziko mita hamsini hamsini, utadhani zilipandwa kwa kamba.

Jumapili nyumba ya kwanza ilijaza ndoo kwa sekunde arobaini. Ya pili arobaini na mbili, ya tatu arobaini na tano, ya nne arobaini na saba, ya tano hamsini, ya sita hamsini na tano. Ya saba ilikuwa ya mwenyekiti wa kamati ya maji, na hapo ndoo ilijaa kwa sekunde kumi na mbili. Mjukuu alidhani simu imeharibika, akarudia. Kumi na mbili. Nyuma ya ukuta pampu ilikuwa inanguruma, na magari yalikuwa yamepanga foleni kuoshwa. Ya nane ilichukua sekunde mia tisa, yaani robo saa. Ya tisa ilichukua saa nzima, na mama wa nyumba ile aliitumia kuchambua mchele na kumsema mume wake.

Ilibaki ya kumi, ya kwao. Saa moja na nusu mjukuu ilibidi aende shule. Ndoo ilikuwa kavu. Aliiacha simu juu ya kiti, imechomekwa kwenye umeme, saa ikiendelea kuhesabu.

"Bibi, nami naondoka na bado haijajaa, niandike ngapi?"

"Andika unavyotaka," bibi akasema, "lakini usiniandikie maji ambayo sijayaona."

Chumba cha kompyuta kilikuwa na kompyuta sita, tatu zikiwa hai. Saa nane mchana mjukuu alifungua kikokotoo, akaingiza umbali kutoka tangini upande mmoja na sekunde upande wa pili. Kisanduku cha skeli alikiacha wazi. Shuleni pale kila mtu alikiacha wazi, maana ukikijaza mashine inaganda mpaka kesho, na mwalimu alikuwa amebandika karatasi ukutani: USIGUSE SKELI. Nukta tisa zikaingia bila tabu. Ya kumi kikokotoo kikagoma kuiacha tupu.

"Weka hata elfu kumi," akasema msichana wa kompyuta ya pili. "Nani ataenda kuangalia?"

Mjukuu akaandika *bado*. Kikokotoo kikafikiri kidogo, kikakubali.

Dakika moja baadaye mwalimu, aliyekuwa dirishani akinywa chai, aligeuka. "Nani ametoa grafu nje?" akauliza.

Ilikuwa imetokea mtaani. Skeli ikiwa wazi, kikokotoo huchukua kipimo kinacholingana na kitu chenyewe, na kitu chenyewe kilikuwa barabara. Mita ikawa mita, na kila sekunde ikawa sentimita moja kwenda juu. Mstari wenyewe ulikuwa mwekundu, mnene kama kidole gumba, na ulielea hewani pembezoni mwa barabara bila nguzo. Mbele ya nyumba ya kwanza ulifika chini kidogo ya goti. Ulipanda polepole mpaka nyumba ya sita, ukashuka kwenye kifundo cha mguu mbele ya geti la mwenyekiti, kisha ukaruka juu. Nyumba ya nane ulipita mita tisa hewani, ya tisa mita thelathini na sita. Juu ya nyumba ya kumi mstari ulikuwa umefika mita mia mbili hamsini na mbili, na ulikuwa unaendelea, sentimita moja kila sekunde, bila haraka na bila kupumzika.

Watu waliuzoea kabla chai ya jioni haijapoa. Mzee wa nyumba ya tatu aliona unamfaa kuegemeza mgongo. Fundi cherehani wa nyumba ya tano alianika vitambaa, akasema haushiki kutu, asifiwe aliyeuweka. Watoto waliuruka wakienda shule na waliuruka wakirudi. Nyumba ya nane waliegemeza ngazi, wakaanika mashuka juu kwenye upepo, yakawa yanakauka kwa nusu saa. Lililowaudhi ni kwamba mashuka yenyewe walikuwa wameyafua kwa maji ya robo saa kila ndoo.

Mwenyekiti ndiye aliyekuwa na bahati zaidi. Mbele ya geti lake mstari ulikuwa chini kiasi kwamba magari ya kuoshwa yaliupita juu bila hata kutikisika.

Jumanne fundi bomba alitumwa na kamati kuukata. Alikuja na misumeno mitatu, akaimaliza yote meno, akajifuta jasho. "Hii si kazi ya bomba," akasema, "hii ni hesabu. Mwiteni mwenye hesabu." Akaomba maji ya kunywa nyumba ya tisa, akaambiwa asubiri.

Jumatano kukawa na mkutano barabarani, chini ya mstari. Bibi alitembea kutoka nyumba ya kumi akiwa na fimbo yake, na hakungoja kupewa nafasi.

"Mimi sina maneno mengi," akasema. "Huu mstari kila mwenye macho anauona. Unapanda taratibu, taratibu, ukifika kwa huyu baba unalala chini, ukitoka kwa huyu baba unapaa. Sasa maji yangu yako wapi?"

Watu wakautazama mstari, wakatazamana, wakatazama viatu vyao. Pampu ilisikika vizuri sana kutoka nyuma ya ukuta. Mwenyekiti hakukasirika hata kidogo. Alisimama, akafunga kifungo cha koti.

"Bibi, ahsante kwa swali zuri," akasema. "Ndugu zangu, naomba tuisome grafu kwa utulivu, tusiisome kwa hasira. Mstari ukipanda maana yake nini? Maendeleo. Nani hapa hataki kupanda? Tazameni nyumba ya nane. Tazameni ya tisa. Huyu bibi anayelalamika ndiye aliye juu kuliko sisi sote! Halafu nitazameni mimi. Mimi niko chini kabisa, kwenye kifundo cha mguu. Kama ningekuwa mtu wa kujipendelea, ningejiweka chini?"

Watu wakapiga makofi. Fundi cherehani alipiga kidogo, kisha akaacha, kisha akaendelea kwa sababu jirani yake alikuwa anaendelea. Mjukuu alisimama nyuma ya bibi yake na machozi ya hasira yakamtoka mbele ya watu, na hakuyafuta. Alitaka kusema kwamba ule ni muda, si maendeleo, kwamba kupanda kwa mstari ni kungoja. Alilisema. Mwenyekiti akamsifu kwa kupenda masomo.

"Twende nyumbani," bibi akamwambia. "Mkono mtupu haulambwi, na makofi hayajazi ndoo."

Shida ilitoka angani. Alhamisi ofisi ya viwanja vya ndege iliandika barua fupi kusema marubani wanaombwa kupita kushoto ya mtaa ule, kwamba mstari sasa una kimo cha kilomita mbili na nusu, na kwamba ofisi ingependa kujua unaishia wapi na ni wa nini. Swali la unaishia wapi halikumsumbua mwenyekiti. Swali la ni wa nini lilimnyima usingizi. Akaenda shuleni mwenyewe, akakaa kwenye kiti cha wanafunzi, magoti yakamfika kidevuni.

"Mwalimu, unaweza kuumaliza?"

Mwalimu alikuwa mtu mwema, na ubaya wa mambo yaliyofuata ni kwamba aliyafanya kwa wema. Ijumaa ndiyo siku ya kupeleka maksi. Alikuwa na jedwali la mjukuu mezani, jedwali zuri kuliko yote, lenye *bado* mahali pa namba, na alikuwa hajalala vizuri kwa siku tatu akilifikiria. Kukata mstari haiwezekani, hata misumeno imeshindwa. Lakini kila grafu ina mhimili wa chini, na kila mhimili una mwanzo na mwisho, na mwisho unaandikwa na anayechora. Ijumaa asubuhi alifungua kikokotoo. Kwenye mwanzo akaandika sifuri. Kwenye mwisho akaandika mia nne na hamsini. Nyumba ya kumi iko mita mia tano.

Mtaani mstari ulikatika juu ya nyumba ya tisa, ukakatika safi kama ukucha, na kipande cha angani kikatoweka. Barabara nayo ikaishia hapohapo.

Nyumba ya bibi haikwenda popote. Ilibaki palepale, na mlango wake, na kuku wake wawili, na bomba na ndoo, ila palepale hapakuwa tena mtaani. Msoma mita alifika nyumba ya tisa, akageuza baiskeli. Muuza mkaa aligeuza mkokoteni. Mjukuu akitoka shule alikuta ukingo mwembamba mwishoni mwa barabara, akauvuka kwa hatua ndefu, kama anayevuka mtaro, akawa nyumbani. Kuku walivuka wapendavyo, kwa kuwa kuku hawasomi grafu.

Jumatatu mjukuu alimfuata mwalimu kabla ya kengele.

"Mwalimu, umemtoa bibi yangu."

"Nimekuokoa wewe," mwalimu akasema kwa sauti ya chini. "Jedwali lako sasa lina nukta tisa, mtaa una nyumba tisa, pengo hakuna. Nimekupa kumi kwa kumi. Mwanangu, ulitaka nifanyeje?"

"Ungempigia mwenyekiti simu azime pampu."

Mwalimu akatazama dirishani. Maji ya shule nayo yalipitia kwa kamati. "Hiyo," akasema, "haipo kwenye kikokotoo."

Mchana mjukuu aliingia chumba cha kompyuta peke yake, akaandika 500. Kikokotoo kikamjibu kwa adabu: *Nje ya mhimili.* Akaandika tena. Akaandika mara arobaini, moja kwa kila sekunde ya ndoo ya nyumba ya kwanza, akajibiwa mara arobaini kwa adabu ileile. Kisha kengele ikalia, akaenda kwenye somo la jiografia.

Mtaa ulisahau bila nia mbaya. Mwanzoni watu walikuwa wakisema, "Hivi bibi yule siku hizi yuko wapi?" Baadaye wakawa wanasema, "Hivi kulikuwa na bibi?" Alipokwenda mwenyewe nyumba ya sita kuomba kiberiti, alikaribishwa vizuri sana, akapewa kiti cha wageni, akaulizwa safari ilikuwaje. "Ndefu," alisema.

Barua ilikuja wiki nne kamili tangu ndoo iwekwe, siku ya Jumatatu, mapema. Mpeleka barua aliiacha nyumba ya tisa. Mama wa nyumba ile, aliyewahi kukaa saa nzima na mjukuu akichambua mchele, alimsimamisha akipita na ndoo kichwani.

"Samahani, binti. Kuna barua hapa ya nyumba ya kumi. Wewe unaijua nyumba ya kumi?"

"Naijua, mama."

"Haya. Ukiwaona, wape."

Mjukuu akavuka ukingo bila kumwaga hata tone. Bibi alikuwa kwenye kiti chake kando ya bomba. Barua ikasomwa mara mbili, mara ya pili polepole kwa sababu bibi alitaka kuyasikia vizuri maneno *mchepuo wa sayansi*, na chini yake sifa za mwalimu kwa mkono wake mwenyewe: *Kazi safi, haina pengo.* Bibi akapiga vigelegele. Alivipiga virefu, vya furaha ya kweli, mpaka akakohoa, na hakuna mtu hata mmoja mtaani aliyegeuka. Kisha akajifuta macho kwa upande wa kanga.

"Na ndoo je?"

Mjukuu akainama kusoma simu iliyokuwa bado juu ya kiti, waya wake ukipita chini ya mlango. Ilikuwa saa moja na dakika tano.

"Sekunde milioni mbili, laki nne, elfu kumi na tisa na mia tano."

"Na maji?"

"Bado, bibi."

Bibi akanyoosha fimbo, akaisukuma ndoo ya bluu kidogo upande wa kushoto, ikae sawasawa chini ya bomba.