Aliyeonekana Vizuri Mno

Siku Mama Juu alipomwona mwanamume ameketi kwenye ncha ya mkono wa kreni, miguu ikining'inia, hakupiga kelele. Alirudisha vishikio katikati, akafumba macho, akahesabu hadi kumi, akafumbua. Jamaa bado yupo. Ovaroli ya bluu, vifungo vinne vya shaba, kimoja uzi wake umelegea. Tena anakula karanga. Sasa niambie wewe, mtu gani mwenye akili timamu atapanda mita sitini kwenda kutafuna karanga juu ya chuma kilichoning'inia hewani? Mama Juu alijiuliza hivyo hivyo, naye alikuwa huko huko juu, mwaka wa kumi na tisa sasa.

Jina hilo alipewa na wafanyakazi. Alikuwa mwanamke pekee aliyeendesha kreni katika kampuni yao, mjane wa miaka hamsini na sita, na kila asubuhi alipanda ngazi na chupa yake ya chai akaingia kwenye kile kichumba cha vioo, asishuke mpaka jioni. Chini, kwenye jengo lililokuwa limefika ghorofa ya tisa, alisimama mwelekezaji wake na redio mkononi. Huyo waliyemwita Kipenga alikuwa mkwe wake, mume wa binti yake wa pekee. "Mama, pandisha. Mama, kulia kidogo. Mama, shusha, shusha, shusha, hapo hapo." Mzigo wa tani mbili uliifuata sauti yake, na yeye mwenyewe alitembea chini yake siku nzima bila hata kuutazama, kwa sababu aliyeushika ni mama mkwe.

Ila mama mkwe alikuwa haoni.

Si kwamba alikuwa kipofu, la. Pembeni aliona. Ni pale katikati, pale anapopatazama, ndipo palipoanza kuingia ukungu, mwaka mmoja, ukawa wa pili. Gazeti likamshinda. Nyuso za watu zikayeyuka kama sabuni iliyosahauliwa kwenye maji. Ngazi aliijua kwa viganja, vishikio alivijua usingizini, na kwa mengine alikuwa na sauti ya Kipenga. Hakumwambia mtu. Na sasa, juu ya ukungu, watu wakaanza kuja: leo mla karanga, kesho watoto watatu wamejipanga juu ya kabati la nguo, keshokutwa mzee mwenye mwavuli katikati ya jikoni, ametulia kana kwamba anasubiri kuhudumiwa.

Mtaniuliza kwa nini alinyamaza. Nyinyi hamkumjua mama yake. Mama yake naye uzeeni alianza kuwasalimia watu wasioonekana, na ndugu wakakaa kikao, wakasema mtu amerukwa na akili, wakamfungia chumba cha uani. Chakula kilipitishwa dirishani. Mama Juu mwenyewe ndiye aliyekuwa akikipitisha, akiwa msichana wa miaka kumi na minane, na hajajisamehe mpaka leo. Kwa hiyo alipomwona mla karanga alijua la kufanya. Alifunga mdomo.

Lakini kazi ya kreni ina sheria zake. Mwendesha kreni humtii mwelekezaji mmoja tu, wengine wote wapige kelele mpaka makoo yapasuke. Isipokuwa ishara moja: mikono miwili juu. Hiyo ni simama, na hiyo akiitoa yeyote, hata muuza chai, unasimama kwanza, maswali baadaye. Na wale watu wake wa bandia, sijui nani aliwafundisha, wakaanza kuinua mikono.

Siku moja alisimama mara nne. Mzigo uko hewani, Kipenga anaita, "Mama, vipi? Mbona umesimama?" na yeye anatazama mwanamume aliyevaa suti kamili amesimama kwenye zege bichi, mikono juu. Mafundi wakacheka, wakasema Mama Juu siku hizi anasali saa za kazi. Fomani hakucheka. Alimsubiri chini ya ngazi jioni, kidole kikipiga saa ya mkononi.

"Mama, nakuheshimu, lakini zege halisubiri mtu. Ukisimama bure mara nyingine, kesho atapanda mwingine."

"Nimekusikia, fomani."

Jumamosi akajifunga mtandio akaenda kliniki ya macho, mbali na mtaa wao, asije akakutana na mwenye mdomo. Daktari, binti mdogo kuliko mwanawe, alimmulika jicho hili, akamulika lile. Kisha akamuuliza taratibu, "Mama, kuna vitu unaviona ambavyo wengine hawavioni?"

Mama Juu akajikuta analia. Akasema yote, mpaka mwavuli wa yule mzee.

"Wewe si kichaa, mama, nisikilize vizuri. Katikati ya macho yako pamekufa. Ubongo nao hauna subira na mahali patupu. Usipoletewa picha, unajichorea. Wengi wanaona kama wewe, ni vile wanaogopa kusema." Akachukua kalamu. "Unafanya kazi gani?"

"Nauza vitambaa."

"Afadhali. Maana kuendesha chombo chochote, hata baiskeli, sasa basi."

"Baiskeli sina," akasema Mama Juu, na huo ulikuwa ukweli mtupu.

Alitoka pale mwepesi. Si kichaa! Na mama yake, maskini, naye hakuwa kichaa! Angekomea hapo angekuwa salama. Hapo ndipo ninapotamani kumshika mabega nimtikise, kwa sababu badala ya kukaa na lile neno la baiskeli, yeye alirudi nyumbani akajipa ujanja.

Jumapili hiyo binti yake na Kipenga walikuja kula kwake, kama kawaida yao. Binti ameketi mkabala naye, uso wake ukungu mtupu, na kando yake ameketi mwanamke mwenye kofia ya majani. Mwanamke wa kofia alionekana mpaka kope, mpaka nyuzi za ukosi. Mama Juu akawatazama wawili hao, mmoja ukungu, mwingine dhahiri, ghafla akacheka peke yake mpaka Kipenga akauliza kulikoni. Alikuwa amegundua. Macho yake mabovu hayawezi tena kumwonyesha mtu sawasawa. Kwa hiyo anayeonekana vizuri, hayupo. Aliye ukungu ndiye mtu.

Akaenda na ujanja huo kazini. Suti imeinua mikono, mistari ya tai inahesabika? Hayupo, shusha. Mtoto amesimama kwenye nondo, kamba za viatu zinaonekana? Hayupo, shusha. Siku kumi na mbili hakusimama bure hata mara moja. Fomani akamsifu mbele za watu, mafundi wakaacha utani. Usiku alilala usingizi wa kukoroma. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, ila yeye alijiambia kwamba maradhi yake ameshayapatia dawa.

Siku ya kumi na tatu jua lilikuwa kali, na mota ya kreni ilikuwa imechoka. Wiki ile ilikuwa imeshazima mara mbili, taa nyekundu ikawaka mbele yake, ikakaa mpaka mota ikapoa. Fundi umeme aliahidi kuja. Saa nne na nusu wakamfungia fungu la nondo, tani mbili na ushei, liende ghorofa ya tisa, ambako wavu wa chuma ulikuwa umeshatandazwa tayari kwa zege. Magari ya zege yalikuwa yamepanga foleni getini.

"Mama, njoo nalo," akasema Kipenga redioni. "Zungusha kushoto. Vizuri. Haya, shusha. Shusha. Shusha..."

Kimya.

Sheria ni kwamba sauti ikikatika, unasimama. Mama Juu akasimama. Akabonyeza redio. "Kipenga?" Mkwaruzo tu wa mawimbi. Betri zile zilikuwa zikifa kila siku, naye alijua mkwe wake yuko ukingoni, upande wa ngazi, aliposimama asubuhi yote, anabadilisha betri huku akitukana kimoyomoyo. Sauti ya fomani, aliyekuwa getini, ikaingia kwa redio nyingine, imejaa hasira. "Mama Juu! Tumeshaanza tena? Magari yananisubiri!"

Akatazama chini. Chini ya mzigo, katikati kabisa ya wavu, alisimama Kipenga. Mikono miwili juu.

Akakodoa. Akaona kizibao cha njano, mshono wa mfukoni aliouona akiushona binti yake. Akaona kalamu nyuma ya sikio. Akaona masharubu yale ya kuchongwa, kila unywele mahali pake, na mdomo chini yake ukifunguka na kufungika bila sauti. Kwa mita zote zile! Macho ambayo hayajasoma kichwa cha habari tangu mwaka jana! Sasa wananiletea mpaka mkwe wangu, akawaza. Hawana haya hawa.

"Hayupo," akasema kwa sauti, peke yake kichumbani. "Ninakuona mno. Hupo."

Akapiga moyo konde, akasukuma kishikio.

Nondo zikaanza kushuka. Yule mtu hakuondoka. Wengine wakishainua mikono walitulia kama picha, huyu alipungia mikono, akakunja mgongo akavuta mguu, akainua mikono tena. Moyo ukamwambia Mama Juu kitu, akaufokea unyamaze. Mita nne juu ya wavu. Tatu. Kiganja kilikuwa kimelowa, kishikio kinateleza, naye anasukuma. Mbili.

Tik. Taa nyekundu ikawaka. Mota ikazima, breki ikauma, na fungu zima likasimama hewani likitikisika.

Mkono wake ulikuwa bado umesukuma.

Alibaki hivyo, sijui dakika ngapi. Kisha akasikia kelele kutoka chini, watu wengi kwa pamoja, na sauti ya fomani redioni imebadilika kabisa. "Mama! Mama Juu, usiguse kitu! Amenasa mguu! Tunamtoa!"

Aliteremka ngazi. Kila pao la ngazi alijiuliza amenasa nani, na kila pao alijua. Chini wakampokea kwa makofi. Makofi! Fundi mmoja alimkumbatia. Fomani, aliyetaka kumfukuza juzijuzi tu, alimshika mkono akamgeuza kwa watu kama bibi harusi.

"Mmeona macho hayo? Mita sitini, redio imekufa, na ameona ishara! Sentimita chache tu juu ya kichwa chake! Anayemcheka tena Mama Juu tutaonana mimi na yeye!"

Wakamleta Kipenga akichechemea, buti moja limebaki juu kwenye wavu. Alikuwa analia bila kuficha. Alikuwa amekwenda kuondoa kipande cha mbao, mguu ukaingia kwenye tundu, redio ikamponyoka ikavunjika. "Niliinua tu mikono, mama. Nikasema, mama ataniona. Nikasema hawezi kukosa kuniona."

Uso wake ulikuwa ukungu, kama nyuso zote. Mama Juu akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu huyu kijana aoe kwake. Alinyoosha mkono akamshika usoni. Mkwe akashtuka lakini hakurudi nyuma. Vidole vikapita shavuni, vikafika juu ya mdomo, vikakuta ngozi tupu.

"Masharubu yako wapi?"

"Nilinyoa juzi, mama." Akacheka katikati ya machozi. "Binti yako anasema yanamchoma."

Mama Juu akauondoa mkono wake. Kwa hiyo hakumwona hata kidogo. Kule chini alikuwepo mtu, doa la njano tu, na ubongo wake ukachukua doa hilo ukalivalisha Kipenga wa zamani kutoka kichwani: mshono, kalamu, masharubu. Mtu wa kweli ndani, picha ya uongo juu. Lile neno la daktari, kwamba ubongo unajichorea, lilikuwa limesema yote, yeye akasikia nusu iliyomfaa.

Kipenga alikuwa ameshapiga simu kwa mkewe, anamsimulia kwa pupa, mama ameniokoa, mama ameona, kisha akamwekea simu sikioni kabla hajakataa.

"Mama?" Binti yake alikuwa akilia kwa kwikwi. "Mama yangu, ahsante. Sijui nikushukuru vipi, mama. Mungu akutunzie macho yako."

Watu wote walikuwa wakitabasamu, wakingoja aseme neno. Angeweza kusema ahsante mwanangu, na mambo yangeishia hapo. Kesho angepanda.

"Usinishukuru," akasema Mama Juu. Akapaza sauti, ili fomani naye asikie. "Nilimwona mumeo, nikasema hayupo, nikaendelea kushusha. Si mimi niliyesimama. Mota ilizima yenyewe. Mkono wangu ulikuwa bado unashusha. Mwanangu, mimi sioni. Naona watu ambao hawapo, na walio hai siwaoni."

Tabasamu la fomani liliondoka usoni kidogo kidogo.

"Tangu lini, mama?" binti akauliza.

"Ukungu, tangu mwaka juzi."

Kipenga alisikia. Akainua uso akaitazama ndoana iliyokuwa bado imening'inia na nondo zake juu ya ghorofa ya tisa, akageuka akamtazama mama mkwe wake, kisha akaketi chini polepole kwenye rundo la mchanga, na mguu wake usio na kiatu.